Mkato wa Katikati

Mtu akichomwa kisu cha moyo anaweza kufa bila damu nyingi kumwagika chini. Inayomuua ni ile iliyokosa pa kutokea. Moyo umo ndani ya mfuko: nje una utando mgumu wa nyuzi, ulioshikamana na kiwambo kwa chini, mfupa wa kidari kwa mbele na mishipa mikubwa kwa juu, ndani una utando laini unaojikunja na kuuvika moyo wenyewe. Baina ya tabaka mbili za utando huo laini mna majimaji machache, kwa kawaida hayazidi mililita 50, na kwa hayo moyo huteleza bila kusuguana. Mfuko huushika moyo mahali pake na kuuzuia usijae kupita kiasi.

Ukipewa muda, hutanuka. Kifua kikuu kinaweza kuujaza maji polepole hata yakazidi lita moja, na mgonjwa akaja hospitali kwa miguu yake. Damu ya ghafla haiupi nafasi hiyo. Mililita 200 hivi hutosha. Vyumba vya moyo hubanwa, damu ya kuingia haiingii, na moyo usiojaa hauna cha kusukuma. Daktari Richard Lower alikwisha kueleza jinsi moyo unavyobanwa hivyo katika kitabu chake kilichochapwa London mwaka 1669. Njia ya kuufikia ndiyo haikuwapo.

Leo watu wa kuufikia wapo, tena mitaani. Helikopta nyekundu ya London's Air Ambulance huruka kutoka paa la Royal London Hospital, Whitechapel. Usiku timu hutoka kwa gari. Mwaka 1993 walimfungua kifua mtu aliyechomwa kisu kabla hajafikishwa hospitali, naye akapona. Ushujaa wa jambo hilo umesifiwa vya kutosha. Mimi hunivutia zaidi jinsi kazi yenyewe ilivyopunguzwa mpaka ikabaki ya lazima tu. Wanaoifanya kwa kawaida ni madaktari wa dharura na wa usingizi, wala si mabingwa wa upasuaji wa moyo, na njia ilitengenezwa kwa kuwafikiria wao: kisu, mkasi mzito, msumeno wa waya, koleo. Hutobolewa tundu kila upande, penye nafasi ya tano baina ya mbavu, kisha mkato mmoja huyaunganisha, kidari hukatwa, na kifua chote hufunuliwa. Bingwa angeweza kupitia mlango mdogo zaidi. Asiye bingwa anahitaji kuona.

Ndipo mfuko hujitokeza, umekaza kama ngoma iliyowambwa. Kisu kikitumiwa ovyo hapa kitaujeruhi na moyo. Kwa hiyo utando hubanwa kwa koleo, huinuliwa kidogo, mkasi hutoboa, halafu hushuka na kupanda katikati kabisa. Ubavuni mwa mfuko, kulia na kushoto, imepita mishipa ya fahamu inayoendesha kiwambo. Anayekata kando humrudishia mtu moyo akamnyima pumzi. Mkato ukiwa mfupi nao, moyo hautoki vizuri na jeraha la nyuma halionekani. Damu iliyoganda huzolewa kwa mkono, kidole huziba tundu. Mara nyingine moyo huanza wenyewe. Ukikataa, hukandwa kwa viganja viwili bapa, kutoka ncha kwenda juu, bila kuunyanyua, maana kuunyanyua ni kuikunja mishipa yake.

Haya yote hufaa iwapo moyo haujasimama zaidi ya dakika 10 hivi. Katika hesabu ya miaka 15 ambayo timu hiyo ya London iliichapisha mwaka 2011, wagonjwa 71 wa majeraha ya kuchomwa kisu na ya risasi walifunguliwa hivyo, na 13 waliishi. Moyo ukirudi, mishipa ya nyuma ya kidari, iliyokatwa tangu mwanzo bila kutoa kitu, huanza kuvuja na lazima ibanwe mmoja mmoja. Mgonjwa naye anaweza kuzinduka kifua kikiwa wazi, kwa hiyo dawa ya usingizi huwekwa tayari.