Tukaram na Jijai: imani katika sinema ya zamani ya Wahindi

Wengi wetu tukisikia sinema ya dini ya Wahindi, tunafikiri palepale miujiza: mungu anashuka, mto unarudisha vitabu, mtu anapaa mbinguni. « Sant Tukaram » ya mwaka 1936 iko nayo yote. Lakini kwa maoni yetu, imani ya ile sinema inaonekana zaidi jikoni, kwa bibi ya mtakatifu.

Ilitengenezwa na kampuni ya Prabhat, mjini Pune, kwa lugha ya Kimarathi. Waongozaji wake walikuwa Damle na Fattelal, mmoja wa dini ya Kihindu, mwingine Mwislamu. Inaeleza maisha ya Tukaram, mshairi wa kijiji cha Dehu katika karne ya 17. Ni mtu wa tabaka la chini, anamwimbia mungu wake Vithoba kwa lugha ambayo kila mtu anaisikia. Wakubwa wa dini wanakasirika: nani alimpa ruhusa? Nyimbo zake zinatupwa mtoni.

Pagnis, anayecheza Tukaram, anaimba kwa uso mtulivu sana, na sisi tunamwamini. Lakini nyumbani chakula hakuna. Jijai, bibi yake, anagombana, anahangaika, analisha watoto. Mtoto anapougua, anaingia hekaluni na kiatu mkononi, tayari kumpiga Vithoba mwenyewe! Wengine wataita ile kufuru. Sisi tunaona ni sala pia, kwani mtu hagombani na asiyekuwako.

Hata hivyo tuna lawama moja. Adui wa Tukaram, kuhani Salomalo, amechorwa kama mtu wa wivu tu. Basi akishindwa yeye, tunaona kama shauri limekwisha, kumbe ule utaratibu wa matabaka unabaki palepale. Muujiza umejibu haraka mno.

Watu wa Bombay waliijaza sala ya sinema zaidi ya mwaka mzima, na katika 1937 ilisifiwa kule Venice. Mwishoni Tukaram anapanda mbinguni, Jijai anabaki chini na watoto. Sisi tunaoandika nyimbo za wazee wetu zisipotee, picha ile inatugusa. Majina ya waimbaji tunayaweka vizuri. Na wale waliowapikia, tumewauliza lini?