Upande wa Chini wa Ubao

Mwezi Mei, kingo za Sørfjorden, ule mkono wa bahari unaopenya ndani ya Hardanger, magharibi mwa Norwei, hugeuka nyeupe. Miplamu na micheri huchanua kwanza, mitufaha hufuata, na ng'ambo ya maji barafu ya Folgefonna bado imelala mlimani. Mashamba ni vipande vyembamba vilivyobanwa kati ya maji na majabali. Zamani, Jumamosi usiku, vijana walipita shamba hadi shamba wakiwabishia wasichana hodi. Karne ya 19 mtafiti Eilert Sundt aliichunguza desturi hiyo.

Lakini hodi peke yake haiposi. Mwenye nia alianza tangu majira ya baridi, theluji ikiwa imefunga njia, kuchonga ubao wa kunyooshea nguo. Huku kwetu hutumwa mshenga. Kule ulitumwa ubao. Ni kipande kirefu cha mti mgumu, na mshikio wake ni farasi aliyesimama mgongoni. Ncha ya kisu hubandua vibanzi vya pembetatu, kimoja kimoja, mpaka maua yaliyochorwa kwa bikari yajitokeze. Kisha herufi za majina, na mwaka. Kisu kikiteleza, ua limeharibika. Inasimuliwa kwamba aliyekataliwa hakuweza kumpelekea mwingine ubao uleule, maana herufi zilikwisha kumfunga. Basi kijana mwenye mbao nyingi nyumbani alitazamwa kwa jicho la pembeni, na ilikuwa haki yake.

Watu husifu farasi na maua. Mimi nasifu upande wa chini, usio na nakshi hata moja. Kitani chenye unyevunyevu kilizungushwa kwenye gogo jembamba la mviringo, likalazwa mezani. Ubao ukawekwa juu, mkono mmoja kwenye farasi, mwingine kwenye ncha, ukakandamizwa na kusukumwa mbele na nyuma hadi mikunjo iishe. Bila moto, bila pasi. Kibanzi kimoja kilichosahauliwa hapo kingechana shuka iliyofumwa kwa majuma. Kwa hiyo fundi aliyejizuia upande huu, akapiga randa mpaka pasibaki la kutazama, ndiye aliyemfikiria mwenye kuutumia.

Makumbusho hutundika mbao hizi maua yakiwa nje, chini kukielekea ukutani. Nyingine hazikuwahi kunyoosha hata leso. Zilikuwa pambo la chumba. Ningepewa ruhusa ningezigeuza zote, nione zipi zimeng'arishwa na kitani na zipi bado zina alama za randa.