Tasfida, Kivuli na Redio: Eric Wainaina kati ya Wimbo na Jukwaa

Wahakiki wa fasihi wanapomtaja mwanamuziki wa mjini, aghalabu humtaja kama shahidi wa wakati wake, si kama mtunzi ambaye fani yake yastahili kuchambuliwa. Eric Wainaina, mwimbaji wa Nairobi ambaye pia ni mtunzi na mwigizaji wa tamthilia za muziki, amepata hasara hiyo mara mbili: nyimbo zake huzungumziwa kama siasa, na tamthilia zake kama burudani. Makala haya yanashikilia kwamba kazi hizo zote zinauliza swali moja: ni nani abebe lawama jamii inapooza? Yanashikilia pia kwamba wimbo ulilijibu swali hilo kwa ujasiri kuliko jukwaa.

Wainaina alijulikana katika miaka ya 1990 akiwa katika kundi la waimbaji la Five Alive, kisha akasomea muziki katika chuo cha Berklee, Boston. Wimbo wake "Kenya Only" ulikuwa wa maombolezo baada ya shambulio la bomu la Agosti 1998. Albamu yake ya kwanza, Sawa Sawa, ilitoka mwaka 2001, nayo ndiyo yenye "Nchi ya Kitu Kidogo".

"Kitu kidogo" ni tasfida, yaani tamko la adabu linalofunika jambo la aibu. "Chai" ni ndugu yake. Kazi ya tasfida hapa ni kumwezesha mla rushwa kudai na mtoaji kutoa bila yeyote kati yao kuona haya. Wainaina anaivunja kwa kuichukua katika maana yake ya msingi: anayedai chai anaelekezwa kunakokuzwa chai, na udogo wa kitu unahamishwa ukawa udogo wa watu wenyewe. Kejeli hii haina mhalifu mwenye jina. Aombaye na atoaye ni raia wa nchi moja, na msikilizaji anapoitikia kiitikio amekwisha kujishtaki. Ndiyo maana wimbo huo, uliozuka mwishoni mwa utawala wa Rais Moi, haukuzeeka serikali ilipobadilika Desemba 2002.

Jukwaani, mtunzi aligeukia fasihi simulizi. Chimbuko la Mo Faya, iliyoigizwa Nairobi na kisha katika tamasha la tamthilia za muziki la New York mwaka 2009, ni kisa cha Waluo cha Luanda Magere, shujaa wa mwili wa jiwe ambaye udhaifu wake ulikuwa kivulini, na ambaye siri yake ilitolewa na mke aliyetoka kwa maadui. Kisa hicho hakikuwa kigeni jukwaani: Okoiti Omtatah alikwisha kuchapisha tamthilia yake, Lwanda Magere, mwaka 1991. Jipya la Wainaina ni kumhamishia shujaa katika mtaa wa mabanda wa Kwa Maji na kumfanya mtangazaji wa redio, DJ Lwanda, anayekabiliwa na hila za Anna Mali, mwanamke anayeitamani ardhi ya mtaa huo.

Hapa ndipo penye udhaifu. Anna Mali ni jina la kimajazi: ana mali, na zaidi ya hayo hahitaji kuelezwa. Uovu uliotapakaa katika wimbo sasa umekusanywa katika mwili mmoja, tena wa mwanamke, kama vile ngano yenyewe ilivyomtwika mke mzigo wa usaliti. Hadhira yaweza kumzomea na kurudi nyumbani ikiwa safi.

Hata hivyo, uteuzi wa redio unaikomboa kazi hii kwa kiasi kikubwa. Ripoti ya Tume ya Waki ya mwaka 2008 ilikuwa imezitaja baadhi ya stesheni za lugha za kienyeji kuhusiana na uchochezi wakati wa ghasia zilizofuata uchaguzi wa 2007. Katika mazingira hayo, shujaa ambaye nguvu yake ni sauti ya hewani si pambo. Mtangazaji husikika bila kuonekana. Kivuli chake ni umati unaomsikiliza, na anayetaka kumjeruhi huupiga umati huo. Kwa usomaji huu, udhaifu wa Lwanda si wa mtu mmoja tena.

Kama tamthilia hii ingaliufuata msukumo huo hadi mwisho, isingalimhitaji Anna Mali. Wimbo ulikwisha kuonyesha kwamba hadhira inaweza kushtakiwa, na bado ikaimba.