Dieudo Hamadi: kamera yenye kukaa katikati ya watu

Wandugu, kila mara tukizungumzia filme za documentaire, kuna mmoja wetu atasema: "Zile za huzuni ya Kongo? Tulishachoka." Mimi pia nimechoka nazo. Njo maana naomba muangalie za Dieudo Hamadi.

Alizaliwa Kisangani mwaka 1984, akaanza kusoma udaktari mbele ya kushika kamera. Mu 2010, pamoja na Divita Wa Lusala, alionyesha filme fupi, Dames en attente: maternité moja ya Kinshasa, wanawake wameisha kuzaa lakini wanazuiliwa juu hawana makuta ya kulipa. Hakuna sauti ya kutuambia ni aibu. Tunaona tu vile wanabembeleza.

Tangu pale hajaacha ile njia. Kamera anaibeba mwenyewe, msimulizi hakuna, na anasimama karibu sana. Sisi wa agronomie tunaelewa faida yake. Ukifika shambani na karatasi ya maswali, mkulima anakupa jibu lile unalotaka. Ukibaki naye mpaka jioni, anakuambia kama mbegu ya mradi alishaikula.

Examen d'État (2014) njo ninayoipenda kupita zote. Wanafunzi wa Kisangani wanafukuzwa juu hawajalipa prime ya walimu, basi wanaenda kukaa pamoja mu nyumba moja kujitayarisha kwa egzamini. Kuna kusoma, kuna njaa, kuna kukimbilia maombi. Nani kati yetu hakupita mu ile maki? Hamadi hawacheki. Hata mwalimu mwenye kudai pesa hatumuoni kama mwizi: ni mutu ambaye Leta imewaachia wazazi kumlipa.

Mu Maman Colonelle (2017) anamfuata Honorine Munyole, polisi aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani. Pale wanatokea wahanga wa vita ya siku sita, 5 mpaka 10 Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana ndani ya mji wetu. Hamadi alikuwa kijana wa miaka 15 ao 16. Miaka tatu kisha filme ile, En route pour le milliard inawapandisha wahanga wengine mu bwato, mikongojo na miguu ya bandia, kushuka mto mpaka Kinshasa kudai haki yao. Ilikuwa filme ya kwanza ya Kongo kuingia mu selection officielle ya Cannes, mwaka ule wa korona.

Mule kuna sehemu za tamthilia: wahanga wako jukwaani, wanaigiza maumivu yao. Kuna atakayesema zinakata safari. Kwangu zina maana sana. Ku bwato, mvua na msongamano vinaamua tuwaone namna gani. Jukwaani wanaamua wenyewe.

Lawama yangu ni moja, na si ndogo. Kunyamaza kule kunamfaa mwenye kujua ile vita. Kijana wa Lubumbashi aliyezaliwa kisha 2000 ataona mguu uliokatwa, lakini bombe ilikuwa ya nani, na juu ya nini, hatajua vizuri. Mutu anayetaka wahanga wasisahauliwe angeweza kutupa dakika tano za maelezo. Isingeharibu kitu.

Tena hesabu haijaisha. Mahakama ya Kimataifa ya La Haye iliihukumu Uganda mu 2005, na mu Februari 2022 ikaamuru ilipe dola milioni 325 kwa vita yote, si Kisangani peke: milioni 65 kila mwaka, miaka tano. Milioni 225 kati yake ni kwa madhara ya watu. Ni mbali na ule milliard wa kichwa cha filme. Filme nayo ilikuwa imeisha kutoka. Ningependa Hamadi arudi na kamera yake, asimame karibu vilevile, ku mlango wa pale pesa zinagawanywa.