Mkono wa Mpiga Ngoma: Kumpima Mhariri wa Filamu za Muziki

Anza na vidole. Chagua wimbo mmoja ndani ya filamu, tazama mkono wa mpiga ngoma au wa mpiga gitaa, kisha sikiliza. Fimbo ikitua wakati mlio umeshapita, ujue picha hiyo imeokotwa kwingine ili kuziba pengo. Kuziba pengo si dhambi, wahariri wote huziba. Jabez Olssen, aliyehariri Get Back (2021) inayowahusu Beatles, alikuwa na takriban saa 60 za picha na zaidi ya saa 150 za sauti, kwa hiyo maneno mengi hayakuwa na picha yake. Fundi huweka hapo kisogo au uso wa anayesikiliza. Asiye fundi huweka mdomo unaosema jambo jingine.

Katika filamu hiyo hiyo tafuta asubuhi moja ya Januari 1969. Lennon hajafika. McCartney anakwaruza besi akiguna maneno yasiyo na maana, Harrison anapiga miayo, na polepole wimbo unaanza kujitokeza. Mhariri mwenye wasiwasi angekuwa ameshaturukisha hadi wimbo uliokamilika. Olssen ametuacha na ile miayo, na bila miayo hiyo tusingeona kwamba wimbo umetoka patupu.

Subira hiyo ndiyo ninayoitafuta kuliko kitu kingine. Wanagenzi hukata kila ngoma inapolia, na baada ya dakika mbili jicho limechoka. Halafu kuna ugonjwa wa kukimbilia watazamaji: msichana analia, mzee anatikisa kichwa, ili nasi tujue tuhisi nini. Katika Stop Making Sense (1984), Jonathan Demme na mhariri wake Lisa Day waliwaficha watazamaji karibu hadi mwisho, na Talking Heads wakabaki na kazi ya kutusisimua wenyewe. Lakini kanuni hii isipelekwe kwenye taarabu bila kufikiri. Kwetu anayeinuka kwenda kutunza ni sehemu ya wimbo, kwani ameguswa na ubeti fulani, pengine ana mtu anayemlenga. Mhariri asiyejua Kiswahili atamwonyesha akiwa na noti mkononi na kuukata ubeti uliomwinua, na fumbo lote litakuwa limepotea.

Sasa mpangilio, na hapa simwoni wa kumfikia Charlotte Zwerin, mzaliwa wa Detroit. Gimme Shelter (1970) ilianza kama filamu ya ziara ya Rolling Stones. Tarehe 6 Desemba 1969, huko Altamont, California, kijana wa miaka 18, Meredith Hunter, akauawa kwa kisu karibu na jukwaa bendi ikiwa inapiga. Kamera ilikuwa imenasa. Mwingine angekiweka kifo mwishoni, kitushtue. Zwerin alikuja na wazo la kuwaleta wanamuziki kwenye meza ya kuhariria na kuwarekodi wakitazama. Tunajua mapema kwamba mtu amekufa, na kila wimbo unaofuata unasikika kwa hofu. Kisha mwongozaji David Maysles anarudisha mkanda, anausimamisha, na bastola ya Hunter inaonekana nyeusi juu ya gauni jeupe la kufuma la msichana aliyekuwa naye. Jagger, mwimbaji wa bendi, anatazama. Hakuna msimulizi wa kutuambia anawaza nini. Zwerin aliandikwa mwongozaji pamoja na David Maysles na ndugu yake, haki ambayo wahariri wengi hawaipati.

Njia hiyo ya kuwaonyesha wanamuziki picha zao bado inafanya kazi. Katika Summer of Soul (2021), iliyohaririwa na Joshua L. Pearson, mwimbaji Marilyn McCoo anaonyeshwa picha zake akiwa kwenye tamasha la Harlem la mwaka ule ule wa 1969, na machozi yanamlenga. Lawama yangu kwa filamu hiyo ni moja: wazungumzaji huingia juu ya nyimbo mno. Unapomsikia mzungumzaji ndani ya wimbo, sikiliza ameingia wapi. Akingoja mwimbaji avute pumzi, mhariri anasikia muziki. Akimkatiza katikati ya mstari, mhariri alikuwa akihesabu dakika.

Ukishamaliza filamu, irudie kwa dakika kumi ukiwa umezima sauti, halafu kumi nyingine ukiwa umefumba macho.