Ndugu wa Tumbo Moja, Lugha ya Kuazima

Raoul Peck alikosea, tena kwa makusudi. Turudi kwenye mazungumzo ya Arusha, karibu na mwisho wa filamu yake Sometimes in April (2005). Augustin amekaa mbele ya Honoré, miaka 10 baada ya mauaji ya kimbari ya Rwanda, akingoja kuambiwa mkewe Jeanne alikufaje. Ni ndugu wa tumbo moja. Wanazungumza Kiingereza.

Idris Elba na Oris Erhuero wanaigiza vizuri. Lakini habari ya msiba kwa Kinyarwanda huzungushwa: msemaji hugusa, hunyamaza, humwachia msikilizaji amalizie. Mswada wa Kiingereza unaeleza kila kitu, kwa hiyo hata kimya chao kinakuwa mapumziko tu kati ya sentensi mbili.

Tena Honoré ni mtangazaji wa RTLM, redio iliyochochea mauaji hayo! Redio ile ilianza 1993, na nguvu yake ilikuwa Kinyarwanda cha mtaani cha kina Kantano Habimana: utani, mafumbo, majina ya watu yakitajwa katikati ya muziki. Ukimtia mtangazaji huyo Kiingereza, kinachobaki ni mtu mkali kwenye maikrofoni. Huoni jinsi jirani alivyoanza kwa kucheka, kisha akashika panga.

Najua HBO, iliyotoa filamu hii, ilikuwa na watazamaji wake Marekani. Lakini ni Peck huyuhuyu ambaye katika Lumumba (2000) aliwaacha wanasiasa wa Kongo waseme Kifaransa. Hapa Gihundwe, Bukavu ikiwa ng'ambo tu ya mto Rusizi, neno moja sokoni Kamembe linatosha kujua mtu katoka upande gani. Katika filamu hii hakuna anayetoka popote.

Nampa moja: alipiga picha Rwanda kwenyewe, wakati Hotel Rwanda (2004) ilijijengea Kigali yake Johannesburg.

Watu wa Kerala walilimaliza suala hili la lugha zamani. Mwaka 1965 Ramu Kariat alitoa Chemmeen, ya wavuvi, kwa Kimalayalam, ilhali soko kubwa la sinema India lilikuwa la Kihindi. Deni la mashua, mapenzi ya Karuthamma na Pareekutty, mwiko kwamba uaminifu wa mke nchi kavu ndio unaomlinda mumewe baharini: hakupunguza kitu ili Delhi ielewe. Delhi ikampa medali ya dhahabu ya Rais. Wavuvi wetu wa sambaza ziwani Kivu bado nawadaia filamu ya namna hiyo.

Miaka miwili tu baada ya Peck, Mmarekani Lee Isaac Chung alipeleka Munyurangabo (2007) Cannes, kwa Kinyarwanda, bila nyota hata mmoja. Mnamkumbuka Édouard Bamporiki, mzaliwa wa Nyamasheke hapo jirani, akisema shairi lake lote huku kamera imetulia usoni pake, bila kukatwa. Hiyo ndiyo imani ambayo Peck aliikosa, ilhali Wanyarwanda walikuwa wamejaa kwenye seti yake. Jeanne mwenyewe aliigizwa na Carole Karemera, naye pia akapewa Kiingereza.