Thorina Hakustahili Mwenge

Mwisho wa Santo contra las mujeres vampiro (1962) mnaujua. Jua limechomoza, wanaume wa kundi la wanyonya damu wamekwisha, malkia wao na wenzake wamerudi majenezani, na Santo, mwanamieleka wa kinyago, anapita na mwenge akiwachoma mmoja mmoja kama mtu anayeteketeza takataka za uani. Lorena Velázquez, yaani Thorina, malkia mwenyewe, anaishia kwa yowe ndani ya sanduku. Hapewi neno wala pambano la ana kwa ana. Mwongozaji Alfonso Corona Blake alikuwa na adui bora kuliko wote waliowahi kukutana na Santo, akamtupa.

Steringi hafi, hilo tulishakubali tangu zamani. Lakini adui mkubwa sharti afe kifo chake. Tazameni hesabu ya filamu yenyewe: Santo uso wake umefunikwa kinyago, na sauti tunayoisikia ni ya mwigizaji mwingine. Anachobaki nacho ni mabega na joho. Kwa hiyo kazi yote ya macho, midomo na kimya inamwangukia adui. Velázquez anaifanya: anasimama bila kutikisika, anageuza shingo taratibu, na anatoa amri bila kupandisha sauti. Chombo hicho ndicho kilichohitajika katika dakika za mwisho, na ndicho kilichofungiwa jenezani huku kamera ikishughulika na moto.

Mtasema muda ulikuwa mfupi. Mfupi kwa nani? Nimelalamika kuhusu mieleka ya kujazia filamu za Santo mpaka wahariri wamechoka nami, na sitaacha. Hapa tunaletwa ulingoni, tunakalishwa, tunaangalia kabali na marusho. Pambano la mnyonya damu aliyejificha nyuma ya kinyago cha mwanamieleka nalikubali, kwa sababu kinyago kinapovuliwa hadithi inasogea. Mengine yangekatwa, na dakika hizo angepewa Thorina.

Linganisha na El vampiro (1957). Fernando Méndez alijua kifo kina mwenyewe. Count Duval, mnyonya damu mwenyewe, anamalizwa na María Teresa, shangazi aliyezikwa akiwa hai, mwenye kisasi halali, wala si na kijana shujaa anayeigizwa na Abel Salazar. Na Carmen Montejo, akiwa Eloísa ndani ya gauni jeusi, alipewa nyumba nzima ya kutembea ndani yake. Wazee wale walijua kumtumia mwanamke mwenye meno.

Tukirudi kwenye filamu ya Santo, picha nyeusi na nyeupe ni nzuri, na utando wa buibui unaaminika. Ofelia Montesco kama Tundra ni imara.

Kinachouma zaidi ni kwamba Velázquez alikuwa ameshaonyesha anachoweza. Katika La nave de los monstruos (1960), Rogelio A. González alimpa Beta, msafiri wa anga anayegeuka mnyonya damu katikati ya vichekesho vya Piporro, naye akavuka kutoka mzaha hadi hatari bila kupoteza hadhi. Baadaye, katika Las luchadoras contra el médico asesino (1963), René Cardona alimvika nguo za mieleka pamoja na Elizabeth Campbell. Akawa Gloria Venus, steringi wa kike, wakati wanawake halisi wa mieleka walikuwa wamefungiwa nje ya ulingo wa jiji la Mexico, marufuku iliyodumu hadi 1986. Cardona hakuwa fundi mkubwa, lakini alijua nani wa kuachwa amesimama mwisho wa filamu.

Halafu akaja K. Gordon Murray na toleo lake la Kiingereza, akamwita Santo “Samson” na kumtia Thorina sauti ya kuazima. Kwa hiyo waliomwona Marekani walipata uso bila sauti, na mwisho wakachomewa hata uso.

Velázquez alifariki Aprili 2024. Anayetaka kumkumbuka vizuri aanze na La nave de los monstruos. Hii ya 1962 aitazame kwa Kihispania, na mwenge ukiwashwa, azime.